Spika na Benchi la Nyuma

Mahakamani pale walimwita Spika, na jina lile alilifurahia kama cheo. Kazi yake ilikuwa kuita washtakiwa kesi zao zinapofika, na bwana yule alikuwa na koo! Akikohoa tu, waliokuwa wakisinzia mabenchini walikaa sawa. Sifa zikamvimbisha kichwa.

Asubuhi moja alifuatwa na mama mtu mzima aliyeongozana na mwanawe, seremala aliyeshtakiwa kwa kununua mbao za wizi. Kijana alikuwa nje kwa dhamana, na mdhamini wake alikuwa mama huyo huyo, kwa hati ya kiwanja anachoishi.

"Baba, miguu inaniuma, siwezi kusimama hapa. Tukikaa kule kwenye banda la nyuma tutasikia tukiitwa?"

Spika akacheka. "Mama yangu, hata ungebaki nyumbani. Sauti hii ingekufuata huko huko."

Kesi yao ilipofika, mvua ilikuwa inayapiga mabati kama ina ugomvi nayo. Utaratibu wa pale Spika aliujua fika: mshtakiwa asipoonekana, mwitaji hutoka, huuzunguka ua mzima, huita mara tatu. Lakini siku hiyo alikuwa amevaa viatu vipya vya ngozi, na ua ulikuwa tope tupu. Akasimama kizingitini, akaita mara tatu, akarudi ndani mkavu.

"Umeita?" hakimu akauliza.

"Nimeita mara tatu, mheshimiwa. Hayupo."

Kwani hakuita kweli? Ndivyo alivyojiambia, na waongo wote hujiambia hivyo hivyo. Hakimu akaifuta dhamana na kuamuru seremala akamatwe. Wala hakutafutwa. Mvua ilipokatika aliingia mwenyewe, mama nyuma yake, wakiuliza mbona zamu yao haifiki.

"Tulikuwa hapo nje, mheshimiwa!" seremala akalia, askari ameshamshika mkono.

Hakimu alishachoka na watoro wenye hadithi nzuri. Akasema kijana atajieleza tarehe ijayo, na mpaka hapo atakaa mahabusu. Mama naye aje siku hiyo aeleze kwa nini kiwanja chake kisichukuliwe. Spika alisikia yote. Akajitia kupanga mabenchi ambayo tayari yalikuwa yamepangwa.

Tangu siku hiyo chakula hakikumpanda. Mama wa watu alikuwa akija mara kwa mara kuuliza kama tarehe inaweza kuletwa karibu, kisha anakwenda kukaa kwenye benchi la banda lile lile la nyuma kupumzisha miguu. Spika akimwona tu, anazungukia njia ya vyooni. Alijionea aibu mpaka akashindwa kujitazama kwenye kioo.

"Spika wangu vipi, betri zimeisha?" mkewe akamtania siku moja. "Siku hizi unanong'ona kama mgonjwa."

Ndipo akamweleza. Mkewe akaacha kucheka.

"Kwa ajili ya viatu?"

"Viatu, mke wangu."

"Basi siku ya kesi vaa viatu hivyo hivyo."

Akavaa. Seremala aliletwa kizimbani amekonda, anakohoa, akarudia maneno yale yale: tulikuwepo, hatukusikia. Mwendesha mashtaka akasimama. Mshtakiwa aliitwa mara tatu, akasema, na kumbukumbu za mahakama zipo. Hakimu akashika kalamu.

"Mheshimiwa, naomba kusema."

"Nani huyo? Sema kwa sauti!"

Watu wakacheka, maana aliyeambiwa apaze sauti alikuwa Spika. Hakucheka. Akapiga moyo konde, akasema kila kitu: ahadi ya banda, mvua, viatu, kizingiti. Hakimu alivua miwani akamtazama.

"Dhamana inarejeshwa kwa masharti yale yale, na kiwanja hakitaguswa," akasema. "Wewe tutaonana ofisini kwangu, uniambie kwa nini uendelee na kazi hii. Sasa kamwite mdhamini aje asaini."

Mama alikuwa kule kule bandani, akisubiri kuitwa. Spika akavuka ua na viatu vyake, akasimama mbele yake.

"Mama, unaitwa. Mwanao anatoka." Akatazama viatu vyake. "Siku ile niliita nikiwa mlangoni. Sikuja huku. Kosa ni langu."

Mama akanyoosha kidole kwenye mlango wa mahakama, ng'ambo ya ua.

"Najua ulikuwa mlangoni, baba. Nilikuona," akasema. "Nilikuona mdomo unafunguka, sauti haifiki. Mwanangu akataka kuinuka. Mimi ndiye niliyemshika shati, nikamwambia kaa, hao wanaoitwa ni wengine. Sisi ametuahidi, akituita tutamsikia."

Akamnyooshea mkono ili amsaidie kuinuka.