Robo Kidonge cha Mbwa

Ndiyo, nilikuwa nikimpa mbwa vidonge vya kutuliza woga. Wacha wacheke. Alikuwa wa mwalimu mgeni niliyekuwa nikimfulia nguo. Aliporudi kwao aliniachia mbwa, chupa ya dawa na onyo moja: usiache kumpa ghafla. Radi ikipiga ziwani, mbwa yule alijirusha dirishani hadi akajikata. Na Kisumu radi haikosi.

Mama mkwe alikuja kwetu Nyamasaria kututembelea kutoka Awasi. Akaniona nikificha kidonge ndani ya mgongo wazi, ile mifupa ya samaki mbuta inayobaki minofu ikishatolewa. Nilipokwenda sokoni, alimwaga vidonge vyote chooni.

"Mama, umefanya nini?"

"Watoto ya watu inakosa dawa ya malaria, wewe unapea guok?"

Guok ni mbwa tu kwa Kijaluo, lakini alivyolitamka ungedhani ni tusi.

Haikupita muda, mbwa akaanguka uani, akakakamaa, povu likamtoka. Majirani wakapiga kelele kwamba ana kichaa, wakaokota mawe. Nilisimama mbele yake na mwiko wa ugali mkononi.

"Hana kichaa! Amenyimwa dawa. Mwenye jiwe aanze na mimi!"

Mume wangu alininong'oneza niache kumtia aibu. Sikuacha. Nilikuwa na hasira, na mbwa nilimpenda, basi.

Daktari wa mifugo alimrudishia dawa. Akasema kumwachisha kunawezekana, ila polepole, na si wakati wa radi. Nikangoja mvua zipungue. Ndipo nikaanza kukata vidonge kwa wembe, robo ikiondoka, nikikaa wiki kadhaa nikimtazama kabla ya kuondoa nyingine. Alipotetemeka na kususa chakula, nilirudi kwa daktari, tukapanda tena hadi kipimo cha nyuma, tukaanza upya. Haraka haraka haina baraka. Chupa niliifungia sandukuni, ufunguo nikauvaa shingoni. Mvua ya kupita ikigonga mabati, niliingia naye chini ya meza, nikimlisha omena, dagaa wetu wa ziwani, mojamoja na kuimba nyimbo za kanisa. Jirani alichungulia akaniona huko, mke wa mtu, mtu mzima. Nikaongeza sauti.

Masika yaliyofuata alikuwa hanywi dawa tena. Mama mkwe naye akaja. Jioni radi ikapasua hadi vikombe vikalia kabatini. Mbwa aliinuka taratibu, akaenda chini ya meza, akajilaza. Nikamfuata na omena zangu.

Mama mkwe, ambaye radi ilishamuulia ng'ombe kule Awasi, alikuwa ameng'ang'ania kiti kwa mikono miwili. Ikapiga nyingine. Akainama kututazama.

"Nyathina, mwanangu," alisema, "huko chini iko nafasi?"

"Iko, Mama," nikamjibu. "Lakini omba guok ruhusa kwanza."