Vizibao Alivyoshona Mke Wangu

Mke wangu ni fundi cherehani asiye na maneno. Maneno yote ya nyumba hii nimeachiwa mimi, na sijawahi kulalamika. Akikasirika utamjua kwa cherehani, inakwenda mbio kama inafukuzwa. Akifurahi anakuuliza kama umekula, hata kama sahani ameosha yeye.

Vizibao vya riflekta alianza kushona kwa ajili yangu. Mimi ni dereva wa bodaboda, na kituoni wananiita Polepole, kwa sababu silipiti lori kwenye kona, na abiria asiyetaka helmeti namwacha pale pale na haraka zake. Wenzangu walinicheka weee, lakini walipokiona kizibao changu kila mmoja alitaka chake. Katika mzigo wa mwisho pekee alishona arobaini na vitatu, kimoja kikiwa changu.

Mkanda wa kung'aa aliletewa na dada yake mkubwa. Huyo ndiye aliyemlea baada ya mama yao kufariki. Cherehani haijui, yeye ni mtu wa sokoni, anajua kitu gani kinapatikana duka gani. Alichokileta, mke wangu alikipokea bila kukikagua. Ungemwambia dada yake si mwaminifu, angekuonyesha mlango.

Alfajiri moja, mvua inanyesha, gari la mikate lilinigonga kwa nyuma. Helmeti ilipasuka, kichwa kikabaki kizima. Mguu wa kushoto ulivunjika mahali pawili. Siku ya tatu dereva alikuja wodini, mtu mzima, machozi yanamtoka.

"Kaka, naapa, sikukuona. Taa zangu zilikuwa zinawaka. Niliona giza tu."

Nilimtolea uvivu. Nilimwambia nilivaa riflekta iliyoshonwa na mke wangu mwenyewe, kwa hiyo aseme tu kwamba alikuwa amelala. Mke wangu alikuwa kando ya kitanda akinimenyea chungwa. Akaacha kumenya.

Alirudi nyumbani na kizibao changu chenye damu. Saa sita mchana alijifungia stoo, ambayo haina dirisha, akakimulika kwa tochi. Hakikuwaka. Akamulika kipande cha mkanda wa zamani kilichobaki kwenye kopo la vifungo, kikamtia kiwi. Mchana mikanda hiyo miwili huwezi kuitofautisha.

Dada alipoulizwa aliangua kilio. "Mdogo wangu, nimetapeliwa! Mwenye duka kanipa takataka!" Wakakumbatiana, wakalia pamoja. Na mimi, niliyeruhusiwa kurudi nyumbani siku hiyo na plasta mpaka kwenye paja, nikampa pole. Nilimpa pole!

Wakati huo watu arobaini na wawili walikuwa barabarani wakidhani wanaonekana. Mke wangu, huyo huyo asiye na maneno, alikwenda kituoni akasimama mbele yao na kuwaambia wavue. Wapo waliomtukana. Mmoja alimuuliza kama ameshamshonea na sanda. Alibeba vizibao hadi nyumbani, akaanza kuvifumua kimoja kimoja. Kila kimoja alikimulika kwanza stoo, asije akafumua kizima. Dada yake alikuja kumsaidia, akakaa mkekani na mkasi, anafumua huku anafuta machozi.

Kesho yake mchana akaingia mtoto wa dada huyo. Ni dereva wa bodaboda kama mimi, kijana mwenye adabu zake, na kizibao chake kilitoka siku moja na changu.

"Baba mdogo, mguu vipi? Mama mdogo, nimeleta na changu."

"Lete hapa nikifumue mimi," mama yake alisema, mkono tayari umenyooka.

Lakini mke wangu alikuwa ameshakichukua. Aliingia stoo, akafunga mlango, akakawia. Alipotoka alisema, "Hiki kinawaka."

Nikafurahi. Nikasema kijana ana bahati. Mke wangu alikigeuza ndani nje, akapitisha kidole kwenye mshono. Mshono wake wa mashine ulikuwa umekatwa. Juu yake palikuwa na mshono wa mkono, mkubwa mkubwa, umepinda.

"Mkanda wangu umetolewa," alisema. "Huu nani kaushona?"

"Mama," kijana alijibu. "Alikichukua siku ile ile ulipotugawia. Alisema anakipunguza kiuno."

Mkasi wa dada ulisimama.

"Ule mzuri ulikuwa umeadimika," alisema taratibu. "Nilipata kidogo tu. Na mtoto ninaye mmoja, mdogo wangu. Mmoja tu."

Mke wangu aliutazama mguu wangu juu ya mto. "Na mimi waume ninao wangapi?"

Dada aliuweka mkasi mkekani.

"Kile kizibao nilimvalisha mimi, kwa mikono yangu," mke wangu alisema. "Nikamfunga zipu. Na wewe ulikuwa umekaa hapo hapo ulipo, unatuangalia."

Nilitaka kusema kitu. Mimi, mwenye maneno yote ya nyumba hii, nilitafuta neno moja nikalikosa. Kijana alikuwa amekodoa macho, anamtazama mama yake kama mtu asiyemfahamu. Kisha alikisukuma kizibao mbele ya mke wangu.

"Mama mdogo, fumua na hiki. Sikitaki."

Mke wangu alikikunja vizuri, akamrudishia mikononi.

"Vaa, mwanangu. Mama yako alikishona vizuri."