Radhi ya Ghaliya Vuai

Mama yangu mdogo, Ghaliya Vuai, aliingia kwenye nyumba za Waingereza kwa miaka na mikaka, na karibu kila alipoingia alikuwa na ndoo. Katika tamthilia moja ya televisheni ya London aliigiza msafisha ofisi, yule anayefungua mlango, akawakuta mabosi wanagombana, akasema "Samahani" na kutoka. Watu walimjua. Madukani walimwita Bibi Ndoo, naye akawapungia mkono kama malkia. Na umalkia aliwahi kuupata. Katika jumba la maonyesho la mji mmoja wa kaskazini, mwigizaji mkuu alivunjika mguu, na Ghaliya, aliyekuwa mjakazi wa malkia, akavishwa taji mpaka msimu ukaisha. Alitusimulia habari hiyo kila Idd, na kila Idd taji lilizidi uzito.

Kwao Zanzibar hawakucheka. Alikuwa amepelekwa Uingereza kusomea uuguzi, akauacha na kupanda jukwaani. Bibi yangu alipopata habari alisema mtoto huyo hana radhi yake. Kwetu hilo si neno la hasira la kupita. Mtu asiye na radhi ya mama anahesabiwa amekwisha, hata akiwa mzima na anang'ara. Kwenye kitanda cha mauti bibi alilegea, akamwita mama yangu, Bimkubwa, ambaye ndiye dada mkubwa, akamwachia amana: siku Ghaliya akija kuomba, mpe kwa niaba yangu.

Hapo ndipo upuuzi wa ndugu hawa wawili ulipoanza. Mama alitaka aombwe. Ghaliya alitaka apewe bila kuomba, maana, alisema, kuigiza ni kazi, si wizi. Baadaye alikuja Sydney na kundi la maonyesho, akaolewa, akafiwa, akabaki peke yake mtaa wa Minto. Mimi nilipoolewa huku nikamleta mama kwangu Granville, mtaa mwingine wa jiji hilohilo. Wakawa wanakula pilau sahani moja, wanasukana nywele, wanawasengenya Wazanzibari wote, wazima kwa maiti, lakini radhi haitajwi. Nilikuwa natamani kuwagonganisha vichwa.

Huku Sydney kazi ikawa inamwishia polepole. Alipewa kuigiza bibi mgonjwa, kisha bibi mgonjwa asiyesema neno, kisha tangazo la chai. Mwisho akawa analala kitandani katika chuo cha madaktari, leo ana kiharusi, kesho ana figo, ili wanafunzi wajifunze kumhoji mgonjwa.

"Alya, hakuna mtu Minto aliyekufa mara nyingi kama mimi," aliniambia. Alicheka mwenyewe. Mimi niliona uchungu.

Korona ikafunga hata chuo. Kipupwe cha mwaka 2021, tulipofungiwa mitaa yetu na helikopta za polisi zikizunguka juu ya mapaa, Ghaliya akaambukizwa. Ambulensi ikamchukua, na sisi haturuhusiwi kukanyaga hospitali.

Muuguzi wake alikuwa Mrundi aliyekulia kambi ya wakimbizi Tanzania, jina lake Anésie. Alinipigia kwa video, uso umefunikwa plastiki.

"Dada Alya, huyu mama anateseka. Doctor anasema mapafu imechoka. Yeye analilia radhi tu. Mpe dada yake aongee naye."

Basi kiburi kimevunjika, nikawaza, Ghaliya anaomba. Nikampelekea mama simu jikoni. Mama aliitazama, akaiona barakoa ya oksijeni na macho yaliyozama, akanirudishia.

"Mwambie natia udhu."

Kesho yake alikuwa anasali. Keshokutwa kichwa kinamgonga. Nikapandwa na hasira mpaka nikasahau adabu.

"Mama, she's dying! Kinyongo gani hiki? Unataka azikwe nacho?"

Mama alikuwa anamenya kitunguu thomu. Hakuinua uso.

"Roho haitoki bila radhi, mwanangu. Nimewaona wangapi? Wanahangaika, wanahangaika, wakishapewa tu wanakata roho. Mimi simpi. Nisipompa, hatokwenda."

Nikavuta kiti nikakaa. Nilikuja nimejiandaa kupambana na chuki, na hii haikuwa chuki. Nilimweleza Anésie, na Ghaliya alipomuuliza kwa nini dada yake haji kwenye simu, Anésie hakumficha. Aliniambia baadaye kwamba Ghaliya aliomba kioo.

Mchana uliofuata simu ikaita. Ghaliya alikuwa amekaa wima, barakoa hana, mtandio umekaa sawasawa, mdomo umepakwa rangi nyekundu.

"Wee Bimkubwa!" Ilikuwa sauti yake ile ya jukwaani. "Njoo unione! Wananipa discharge Ijumaa. Chakula chao kama kadibodi, nipikie mchuzi wa pweza."

Mama alikuja mbio, mikono inachuruzika maji. "Umepona?"

"Kwani ulitaka nife? Lakini nilitishika, dada. Ningekuja mwenyewe nikupigie magoti, ila polisi wamejaa njiani. Nimekosa. Nipe radhi ya mama, nije nile mchuzi wangu kwa raha."

Mama akacheka na kulia kwa pamoja. Akamkemea kwa kiburi chake, akamwita punda, akapangusa macho kwa kanga.

"Radhi, Ghaliya. Radhi ya mama na radhi yangu, duniani na akhera."

"Ahsante, dada," Ghaliya akasema. Akapunga mkono, picha ikakatika.

Mama akanituma kumtoa pweza kwenye friza. Pweza alikuwa bado hajayeyuka barafu pale Anésie alipopiga tena, na mimi, kwa sababu mikono yangu ilikuwa michafu, niliiweka simu mezani kwenye spika.

"Dada Alya, pole. Amekwenda." Alikuwa analia. "Alinikataza nisionekane kwa camera. Mimi ndiye nilikuwa namshika mgongo. Tangu asubuhi anafanya répétition, mazoezi ya kusema, anavuta oxygen, anasema kipande, anavuta tena. Simu ilipokatika akalala. Hakuamka."

Mama alikuwa amesimama nyuma yangu. Katika maisha yake yote hakuwahi kumtazama mdogo wake akiigiza, wala kwenye televisheni.

"Alikuwa ananiigizia?" akauliza.

"Ndiyo, mama," Anésie akajibu.

"Na mimi nikamwamini."

Nilimwambia kilichomuua ni ugonjwa, mama, si maneno yako. Alinisukuma nusura nianguke, akainamia simu kwa mikono yote miwili.

"Mwanangu, uko naye hapo?"

"Niko naye, mama."

"Mwekee simu sikioni. Naichukua tena radhi yangu. Ghaliya, unanisikia? Sikupi radhi. Nimeitwaa. Rudi."

Anésie alimwekea simu sikioni, akaishika hapo mpaka mama alipomaliza.