Viatu Mlangoni mwa Shule Isiyo na Watoto

Mtazame Bibi Kuwabara anavyofika, mwavuli kwapani, funguo mkononi. Ameitunza shule hii tangu nywele zake zikiwa nyeusi. Sasa imefungwa, watoto wa bonde lile waliisha kidogo kidogo, wakawafuata baba zao mjini. Bibi hakuambiwa aendelee, wala hakukatazwa. Kila Jumatatu hufungua madirisha, ukungu usije ukala mbao, kisha huipaka sakafu nta.

Ndani kumetulia. Jua linaingia kwenye korido dirisha kwa dirisha, linalala sakafuni, halina wa kulikanyaga. Mabomba ya kunawia yako chini, kimo cha mtoto. Ukikohoa, vyumba vyote vinakohoa nawe.

Leo anakuja kijana Ochiai wa ofisi ya mji, kuamua kama jengo libomolewe. Akatokea kweli, akapanda kizingiti na viatu vyake, pale ambapo kila aingiaye huvivua.

"We! Viatu!"

"Bibi, hata panya wamehama humu. Nimvulie nani?"

"Loo! Mama yako akikusikia, utamwambia nini?"

Ochiai akacheka, akavua, akavaa ndara alizowekewa. Bibi akashusha pumzi. Alijua vizuri: jengo ambalo watu wameanza kuliingia na viatu limeshakufa, limebaki kuzikwa tu.

Kijana akazunguka vyumba vyote. Mahali fulani aliinama, akaigusa sakafu kwa kiganja. Aliporudi hakuwa na mzaha tena.

"Bibi, nisikufiche. Shule hairudi. Ila naweza kulinusuru jengo, tulifanye ghala. Maji, mablanketi, vitu vya siku ya tetemeko."

"Basi si heri hiyo, mwanangu?"

"Heri. Lakini mikokoteni ya mizigo itapita humu koridoni, na wapakizi hawavui buti. Siwezi kuwalazimisha. Ukisema hapana, tingatinga litakuja theluji ikiyeyuka."

"Mbona waniuliza mimi?"

"Nimewauliza wanakijiji. Wote wamesema, lolote atakalosema Kuwabara, maana ndiye aliyebaki nalo."

Bibi akaitazama korido, mwanzo hadi mwisho, ikimeta kama maji ya mtungini. Akaanza kufunga madirisha, moja baada ya jingine, bila haraka, na Ochiai akakaa kizingitini kungoja jibu.

Nawe msomaji wangu, ungekuwa Bibi Kuwabara, ungechagua buti au tingatinga?