Waliochoma Mizinga ya Mama Zubeda

Siku yangu ya kwanza kazini, Bwana Nyuki Mkuu hakunionyesha meza wala kiti. Alinipa bomba la moshi, kile kikopo cha kupulizia kinachopoza hasira za nyuki, akanipandisha mlima ulio juu ya Mponde mpaka kwa Mama Zubeda. Uhuru ulikuwa bado mbichi. Nami nilikuwa nimetoka chuoni nikijua malkia, masega na nta, nikadhani yameisha.

Mama Zubeda alikuwa mjane, mfupi, mwepesi wa kufoka. Nilimpa shikamoo, akaniitikia na kuniita mghoshi, kama Washambaa tunavyomwita mwanamume. Mizinga yake ilikuwa ya magogo, imetundikwa kwenye miti ya mishai pembeni mwa msitu, na ilinguruma kiasi cha kusikika toka mbali. Bwana Mkuu, mvi kichwa kizima, akasimama mbele ya mizinga hiyo akasema kwa sauti, "Mimi ni kijana wa miaka ishirini."

Ngurumo ikakata. Mizinga yote, kwa pamoja. Nyuki waliendelea kuruka na kutua, lakini bila sauti yoyote.

"Mimi ni mzee," akasema. Ngurumo ikarudi.

"Kitaalamu sina la kukueleza," akaniambia. "Wewe rina asali kwa wakati wake, waachie masega ya kutosha kula. Na usiruhusu mtu aiguse mizinga hii."

Ndiyo kazi niliyoifanya miaka ile, kupita vijijini nikifundisha kurina bila kuua kundi, kuyeyusha nta na kuichuja. Lakini kwa Mama Zubeda nilijifunza mengine. Niliwaona ndugu wawili waliogombea shamba la chai wakiletwa pale. Mkubwa aliapa kwamba mpaka haukuguswa, nyuki wakanyamaza. Hakubishana. Alishuka akang'oa masale ya mpaka aliyoyapanda mwenyewe ndani ya shamba la mdogo wake. Hakuna aliyefungwa, hakuna aliyepigwa. Mama Zubeda hakudai hata kuku.

Bwana Mkuu akastaafu, akaja mwingine, mpole mbele ya wakubwa na mkali kwetu. Kisha akaja Mratibu wa kuhamia vijijini. Naomba mnielewe, vijana. Mimi Ujamaa niliuamini, na hata leo sijaona ubaya wa watu kulima pamoja na watoto wote kusoma. Hasira yangu si kwa neno lile. Ni kwa waliolishika kama fimbo.

Mratibu aliitisha mkutano pale kwenye mishai, maana ndipo palipokuwa na uwanja. "Ndugu wananchi," akasema, "hakuna atakayehamishwa kwa nguvu. Kule bondeni maji yapo, zahanati ipo."

Mizinga ikanyamaza.

Mama Zubeda akasimama. "Mwanangu, hebu rudia hilo la maji."

"Maji yapo, mama."

Mizinga bado kimya. Watu wakaanza kuinuka. Mratibu akanigeukia. "Bwana Nyuki, hawa wadudu wana nini?"

"Wamesikia uongo, Ndugu Mratibu."

Uso ukamvimba. "Ushirikina huu ndio unaoturudisha nyuma! Leteni mafuta ya taa."

Nikasimama mbele ya mti wa kwanza. Nikamtazama bosi wangu mpya, aliyekaa karibu na Mratibu, anisaidie, naye akatazama viatu vyake. Mgambo aliokuja nao wakanikunja mikono, wakanikalisha chini, wakamwaga mafuta, wakatia moto. Mchana kweupe, mbele ya watoto! Na nyuki hawakutoka kumuuma mtu. Walinguruma humo humo ndani ya moto, kwa nguvu ambayo sijaisikia tena, mpaka gogo la mwisho likaanguka. Mama Zubeda alijitupa akavuta mzinga mmoja kwa mikono mitupu. Ulimsambaratikia mikononi. Vidole vyake vikakakamaa, hakushika jembe tena maisha yake yote.

Watu wakahamishwa, kwa nguvu. Bondeni hapakuwa na maji. Zahanati ilikuwa nguzo nne bila paa. Mama Zubeda alifia huko, akilishwa na majirani. Mimi nilihamishiwa nyika kavu kwa utovu wa nidhamu, nikafanya kazi huko hadi kustaafu. Mratibu alipandishwa cheo.

Sasa mnakuja kwangu mkiniuliza kama habari hii ni ya kweli, wengine mnacheka. Mimi sicheki. Nimefuga nyuki maisha yangu yote, wazuri, wa asali nyingi, na hakuna mzinga uliowahi kumtetea mnyonge tena. Mlipoteza kitu kabla hamjazaliwa, na aliyewapotezea alikufa kitandani kwake akiheshimiwa.

Mazishini kwa Mratibu nilikwenda. Shehe alipotuuliza, kama ilivyo desturi, tunamshuhudiaje marehemu, watu wakaitikia, "Mtu mwema."

"Si kweli," nikasema kwa sauti. "Waulizeni aliowahamisha."

Mwanawe mkubwa akanijia, machozi yakimtoka. "Mzee wangu, huna haya? Leo hii?"

"Miaka yote nilimsubiri baba yako aende kumpa pole Mama Zubeda," nikamwambia. "Hakwenda. Basi mimi nimekuja kwake."

Kisha nikachukua koleo, nikamwaga udongo wangu kaburini, maana kuzikana ni wajibu. Nikarudi nyumbani kwangu kwa miguu, hasira yangu ikiwa nzima.