Nilivyomwandika Mama Mkwe Kuwa Kizuizi

Jamani, nitawasimulia, ila chekeni sasa hivi mmalize, maana nimechoka kuchekwa kwa awamu. Yule mkwe wa Utemini mnayemsikia ndiye mimi.

Ulikuwa usaili wa ajira ya askari wa misitu, kazi ya serikali, umri mwisho miaka thelathini, ambayo mimi nilikuwa naitimiza mwezi unaofuata. Pushapu nilipiga zote. Zikabaki mbio za kilomita tano kuzunguka mitaa, na sharti tulisomewa mara mbili: ukitoka barabarani unapewa sifuri, labda uwe umekutana na kizuizi. Nikakimbia vizuri, wa tatu kutoka mbele, nikapinda kona ya mashine ya alizeti, na nani anakuja mbele yangu na beseni la mashudu kichwani? Mama mkwe, mama yake Halima wangu! Na mimi nimevaa kaptula (fupi, ya kuazima, msiniulize zaidi). Nilivyolelewa mimi, mkwe hukutani naye uso kwa uso hata ukiwa umevaa suti, sembuse mapaja nje. Sikungoja, nikachepuka nyuma ya nyumba nikatokea mbele, hatua chache tu, na msimamizi mwenye kibendera akaniandikia sifuri.

Hapo ningenyamaza. Lakini kwa hasira zangu nikaenda kwa wakili wa msaada wa kisheria, akasoma yale masharti, akatabasamu. "Hawajaeleza kizuizi ni nini. Tunamweka mkwe." Tukakata rufaa kwenye kamati ya ajira kupinga zile alama. Halima alipoiona karatasi aliniuliza, "Yaani mama yangu ndiye kizuizi?" Nikamjibu hiyo ni lugha ya kisheria tu, na amwambie mama aje kutoa ushahidi.

Siku ya kusikilizwa ukumbi ulijaa, maana (ujinga wangu mwenyewe) niliwatangazia wenzangu wote walioanguka waje waone haki inavyodaiwa. Karani akasoma kwa sauti: "Mrufani alikutana na kizuizi, yaani mama mzazi wa mkewe." Watu wakaangua kicheko, wengine wakapiga meza. Mama mkwe akaingizwa, akakalishwa karibu yangu kabisa, nami nikageukia ukutani kama inavyonipasa, mwenyekiti akanifokea, "Kijana, kamati iko huku!" Nikabaki shingo upande, jasho linanitoka kuliko siku ya mbio.

"Shikamoo mama," mwenyekiti akaanza. "Siku ile ulimzibia njia huyu?"

"Marahaba, baba. Sikumzibia. Nilimwona tangu kule kwenye nguzo ya umeme, nikashuka mtaroni na beseni langu, nikageukia ukutani, nikajifunika kanga ili apite. Nilijua anatafuta kazi. Nikasubiri, nikasema moyoni sasa atakuwa ameshapita. Kugeuka, hayupo."

Hakuna aliyecheka tena. Wakili wangu akafunga faili hata kabla hajaambiwa. Kamati ikasema barabara ilikuwa wazi, sifuri inabaki palepale.

Wa kulaumiwa simwoni, na hilo linanitia uchungu zaidi, maana ningempata wa kumtukana ningepumua. Mama wa watu alinipisha, mimi nikakimbia kupishwa, halafu nikampeleka mbele ya umati akasomwe kama gogo lililoanguka njiani! Nimeapa sitakaa nimwandike mtu kwenye karatasi ya serikali kabla sijatuma mtu kumuuliza yeye aliona nini.

Kumwomba radhi mwenyewe siwezi, ni mkwe, kwa hiyo nilimtuma Halima. Akarudi jioni, akakaa, akafungua kanga taratibu.

"Mama anasema hajui umemkosea nini. Anauliza tu usaili mwingine ni lini, siku hiyo asitoke nyumbani kabisa."

Nikamwambia Halima akamjibu hakuna mwingine, umri umenipita. Mpaka leo hajaenda kumwambia.