Tundu la Pembe Nne

Kabla sijasimulia, namshukuru Mungu Baba aliyenihifadhi tangu nikiwa mtoto wa kubebwa mgongoni hadi leo mvi zimenifunika. Sifa zote ni zake. Mimi ni shahidi tu wa aliyoyatenda.

Nta ya nyuki ikipashwa moto hutoa harufu tamu yenye moshi kidogo, na hiyo ndiyo harufu ya mwaka niliotimiza miaka kumi na mmoja, katika miaka ya sabini, chini ya milima ya Mbololo. Nyanya yangu aliitumia nta kuziba nyufa za vibuyu. Msimu huo wa mavuno, kina mama wa kanisa letu walipewa mashine ya kusaga mahindi na marafiki wa ng'ambo. Kabla ya hapo, mama na wenzake walibeba mahindi hadi Voi na kurudi jioni, unga kichwani, miguu imevimba. Sasa stima ilikuwa imefika sokoni kwetu, banda likajengwa, mashine ikawekwa juu ya saruji. Kilichobaki ni kuunganisha nyaya ndani ya kisanduku cha mota.

Fundi Mwakio, fundi wa stima kutoka Voi, alifungua mkoba wake akatoa bisibisi bapa, kisha ya nyota. Hakuna iliyoingia. Skrubu nne za kifuniko cha kisanduku hicho zilikuwa na tundu la pembe nne katikati, dogo kama punje ya mtama, na hakuna kati yetu aliyewahi kuona la namna hiyo. Akalazimisha bisibisi bapa kwa mshazari. Ikateleza, ikakwangua skrubu moja. Haraka haraka haina baraka. "Wacha, fundi!" mama, aliyekuwa mwenyekiti wa kina mama, akamshika mkono. "Ukiziharibu zote tutabaki kuitazama tu." Mzee mmoja wa kanisa akacheka: "Kina mama, mmepewa chungu kisichofunuka!" Lakini halikuwa jambo la kuchekesha. Wazee walikuwa wameamua kwamba mashine isiposaga kufikia Jumamosi, itapelekwa kanisa la upande wa pili wa mlima, lenye fundi wake. Siku hiyo ilikuwa Jumatano. Mama hakula chakula.

Alhamisi asubuhi nyanya aliniita nimshikie kibuyu kilichopasuka. Alibandua nta ya zamani ili aweke mpya, nami nikaiokota. Upande wa ndani, ule ufa ulikuwa umejichora wote, kona kwa kona. Nikakimbia bandani na donge la nta vuguvugu. Nilipaka mafuta kidogo skrubu moja isiyokwanguliwa, nikabonyeza nta, nikangoja ipoe, nikaivuta taratibu. Ikatoka na kijiti kidogo cha pembe nne, kamili. Mama alikipokea kiganjani. "Vaa viatu," akasema. "Twende kwa mjomba wako." Mjomba alifanya kazi katika karakana ya reli pale Voi. Jua la Voi si rafiki wa nta, kwa hiyo tuliiweka ndani ya kibuyu chenye maji baridi, nami nikakipakata njia nzima nikiomba kimoyomoyo.

"Mmeniletea asali?" mjomba akauliza, akichungulia.

"Hapana, mjomba. Ni tundu la skrubu."

"Tundu! Humu nimeletewa kila kilichovunjika, lakini tundu la kubebwa kwa maji, hili ni la kwanza. Dada, huyu mtoto unamlisha nini?"

"Tengeneza kwanza," mama akajibu. "Utacheka baadaye."

Mjomba alichukua tupa kuukuu ya kunolea vyuma. Alituonyesha kwamba meno ya tupa ni magumu mno, lakini mkia wake, ule unaoingia kwenye mpini, ni laini kidogo, na tayari una pembe nne. Akaubana kwenye jiliwa, kile chuma cha mezani cha kubania vitu, akaupunguza kwa tupa nyingine, akiulinganisha na nta kila mara, bila pupa, mpaka akaridhika. Upande wa meno akauzungushia kitambaa tupate pa kushika.

Ijumaa banda lilijaa watu. Fundi Mwakio alinisukumia kile chuma. "Fungua wewe, mwenye tundu. Mimi nimeshaaibika vya kutosha." Ncha ikaingia, ikakaa, haikucheza. Skrubu ya kwanza ikazunguka, ya pili, ya tatu. Ile iliyokwanguliwa ikakataa. Fundi akakigonga kile chuma kwa nyundo mara mbili mpaka ncha ikazama, tukashika pamoja, na mama akashika juu yetu, kwani kidole kimoja hakivunji chawa. Skrubu ikalia, ikaachia. Vigelegele vilivyopigwa hapo nadhani vilisikika hadi barabara kuu. Nyaya zikaunganishwa, swichi ikawashwa, na unga wa kwanza ukamiminika ndani ya debe, bado wa moto. Yule mzee aliyetucheka akaja mbio na gunia lake. "Foleni ni kule nyuma, mzee wetu," mama akamwambia kwa heshima zote. Mashine haikuvuka mlima.

Leo ukiingia duka la vifaa vya stima Voi, utauziwa kisanduku chenye vichwa vya bisibisi vya kila umbo: nyota, pembe nne, pembe sita. Mjukuu wangu, msichana fundi wa stima, anacho kimoja, na kazi iliyotuchukua siku tatu yeye huimaliza kabla chai haijapoa. Simwonei wivu, wala sitamani miguu ya mama ivimbe tena. Ila yeye akikosa kichwa kimoja hurudi dukani peke yake. Sisi tulipokosa, nyumba nzima ilifikiri pamoja, na Mungu akawa katikati yetu.

Nawe unayesoma, Bwana aibariki kazi ya mikono yako, ajaze nyumba yako chakula, na asikunyime watu wa kukushika mkono siku nguvu zako zitakapopungua. Amina.